Uzi: Unaanza ukocha mtandaoni na huna hata mteja mmoja? Tovuti iache kwanza, anza na mazungumzo

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Wakuu, salaam kwenu.

Kuna swali linarudi kila mara kwa sura mpya: "Nina uzoefu wa kazi yangu, watu wananifuata kuniomba ushauri, nataka niufanye uwe biashara ya ukocha mtandaoni. Nianzie wapi?" Majibu nayo ni yale yale: tafuta jina, tengeneza nembo, fungua tovuti, rekodi kozi, lipia matangazo. Mtu anahangaika na rangi za nembo miezi kadhaa, na siku anapotangaza kwamba amefungua milango hajawahi kukaa na binadamu hata mmoja kwa saa nzima akamsaidia kufika popote.

Msimamo wangu ni mmoja na nitautetea humu: bidhaa ya kocha ni mazungumzo. Ukiweza kuyaendesha vizuri na mtu mmoja, una biashara hata kama huna tovuti. Usipoweza, hakuna mtengeneza tovuti atakayekuokoa.

Tuelewane kwanza ukocha ni nini, maana wengi wanaojiita makocha wanauza ushauri. Mshauri anakwambia cha kufanya kwa sababu yeye anajua. Mwalimu anakufundisha usichokijua. Kocha anakusaidia ulione jambo lako vizuri, uamue, halafu utekeleze ulichoamua mwenyewe. Ukocha wa aina hii una deni kubwa kwa mwalimu mmoja wa tenisi wa Marekani, Timothy Gallwey. Miaka ya 1970 alieleza jinsi alivyoona kwamba kadiri anavyommiminia mchezaji maelekezo, shika raketi hivi, pinda goti vile, ndivyo mchezaji anavyozidi kukakamaa. Akawaambia wataje tu kwa sauti mpira unapodunda na unapopigwa. Akili ikashughulika na mpira, mwili ukaachiwa nafasi ya kucheza. Baadaye Sir John Whitmore, Mwingereza aliyekuwa dereva wa magari ya mashindano kabla ya kuingia fani hii, akaipeleka fikra hiyo maofisini. Ni mmoja wa walioueneza mfumo wa GROW, wenye maswali manne: unataka nini, hali ikoje sasa, una njia zipi, utafanya nini. Kama unaanza leo, huo unakutosha. Usinunue mfumo mwingine hadi huo umekuwa damuni.

Sasa tuuone ukifanya kazi. Mteja anasema: "Nataka kujiamini zaidi kazini."

Kocha mgeni anarukia: "Simama wima, ongea polepole, jiandae mapema." Mteja anaitikia, anashukuru, anaondoka na vitu ambavyo tayari alikuwa anavijua.

Kocha aliyetulia anauliza, "Kazini wapi hasa?"

"Kwenye kikao cha Jumatatu na wakurugenzi."

"Mara ya mwisho ilikuwaje?"

"Takwimu zote nilikuwa nazo. Mwenzangu akasema kitu ambacho si sahihi, nikanyamaza."

"Jumatatu ijayo ungependa itokee nini?"

"Nimsahihishe. Hata kwa sentensi moja."

"Sentensi yenyewe ni ipi? Iseme kama utakavyoisema pale."

Hapo mteja anahangaika nayo. Ya kwanza ni ndefu, ya pili ina radhi tatu ndani yake, ya nne ndiyo inakaa. Dakika ishirini zilizopita alikuwa na "kujiamini" linaloelea hewani, sasa ana maneno kumi ya kusema siku inayojulikana, mbele ya watu wanaojulikana. Mwanasaikolojia Peter Gollwitzer aliandika mwaka 1999 kuhusu nguvu ya mipango ya namna hii, yaani "likitokea hili, nitafanya hili": anayetaja lini, wapi na vipi ana nafasi kubwa zaidi ya kutekeleza kuliko anayebaki na nia njema tu. Kocha hakumpa mteja jibu lolote, na bado amelipwa kwa haki.

Nitashusha sehemu ya pili baadaye. Maswali yaanze.

Jicho Kavu

Mkuu, kwa heshima zote. Siku hizi kila aliyefukuzwa kazi ni kocha. Kocha wa maisha, kocha wa ndoa, kocha wa makocha. Hii si biashara ya kuuziana maneno? Kuna mtu ana miaka 24 anawafundisha watu "mafanikio". Mafanikio yapi?

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Jicho Kavu, hoja yako ina mashiko na sitaikwepa. Nchi nyingi hazina sheria inayolinda jina "kocha" kama zinavyolinda jina la daktari au wakili. Yeyote anaweza kuliandika kwenye wasifu wake asubuhi na kuanza kutoza jioni. Ndiyo maana soko limejaa makelele.

Dawa yake kwa anayeanza ni kuacha kuuza "mafanikio". Chagua tatizo moja ambalo mwenye nalo anaweza kulitaja kwa maneno yake mwenyewe. Hakuna anayeamka usiku akawaza "nahitaji kocha wa maendeleo binafsi". Ila yupo anayewaza, "Nimepandishwa cheo, sasa nawasimamia watu niliokuwa nakula nao mchana, na jana mmoja amenijibu vibaya mbele ya wote." Ukisema unafanya kazi na watu waliopewa umeneja kwa mara ya kwanza, mtu huyo anajua unamzungumzia yeye. Na ukiulizwa kwa nini wewe, jibu liwe fupi: nimesimamia watu, nimeyapitia, na najua kuuliza maswali.

Kijana wa miaka 24 akisema anawasaidia wahitimu wapya kujiandaa kwa usaili wa kazi ya kwanza, mimi sina ugomvi naye. Yuko karibu na tatizo kuliko mimi na wewe.

Daftari Jipya

Naweka kambi hapa. Mleta uzi, mimi ni mhasibu. Naogopa kuchagua kundi dogo kwa sababu nitawafukuza wengine. Kwani nikisema "nasaidia yeyote mwenye changamoto ya kazi" kuna ubaya gani?

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Ubaya ni kwamba hakuna atakayekukumbuka. Jipime hivi: rafiki yako akikutana na mtu kwenye lifti, anaweza kukutaja kwa sentensi moja kabla mlango haujafunguka? "Namjua anayewasaidia wahasibu wanaotakiwa kuanza kuwasilisha ripoti mbele ya bodi." Hiyo inasafiri. "Namjua anayesaidia watu wenye changamoto" inaishia palepale.

Na kuchagua kundi si kufunga ndoa. Ni mlango wa kuingilia. Akija mtu wa kundi jingine na ukaona unaweza kumsaidia, mpokee. Ukigundua baada ya wateja kadhaa kwamba kundi lako halina fedha au halioni tatizo, badilisha sentensi ile. Kama bado hujachapisha vipeperushi wala kujenga tovuti, kubadilisha hakukugharimu chochote. Hiyo ndiyo faida ya kuanza na mazungumzo.

Haya, sehemu ya pili: wateja wa kwanza wanatoka wapi?

Wanatoka kwa watu wanaokufahamu, na hapa ndipo wengi wanaona aibu. Aibu inaletwa na namna wanavyoomba. Wanamwandikia rafiki, "Nimeanza ukocha, jiunge," na rafiki anabanwa kwenye kona, akatae au ajilazimishe. Usimuombe anunue, muombe akuelekeze. Ujumbe wenyewe uwe kama huu:

"Habari za siku nyingi. Nimeanza kufanya kazi na watu waliopewa umeneja kwa mara ya kwanza na wanaona ugumu wa kuwasimamia waliokuwa wenzao. Natafuta watu wachache wa kuanza nao: vikao vinne vya saa moja, kimoja kwa wiki, kwa bei ya kuanzia. Je, kuna mtu unayemfahamu yuko kwenye hali hiyo sasa hivi?"

Soma tena uone. Anajua ni akina nani, tatizo gani, vikao vingapi, na kwamba yeye mwenyewe hajawekwa kitanzini. Kama tatizo ni lake, atajitaja bila kusukumwa. Mwandikie kila mtu peke yake, kwa jina lake. Ujumbe mmoja uliorushwa kwa watu 200 unajulikana kwa harufu.

Akipatikana mtu, usimuuzie kwenye meseji. Pangeni simu ya dakika 20 au 30 ya kufahamiana, isiyolipiwa. Humo muulize kinachotokea, ameshajaribu nini, na swali ninalolipenda kuliko yote: kwa nini sasa? Tatizo linaweza kuwa la miaka miwili. Kilichomfanya alitafutie ufumbuzi wiki hii ndicho kitakachomfanya alipe na afanye kazi. Akikosa jibu la "kwa nini sasa", mara nyingi hayuko tayari, na ni heshima kumwambia hivyo kuliko kuchukua fedha yake.

Mgeni Njiani

Hapo kwenye bei ya kuanzia ndipo pananitesa. Nimesikia wanaosema wa kwanza watano wafanyie bure ili upate ushuhuda. Wengine wanasema ukitoa bure umejishusha thamani milele. Nishike lipi?

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Vikao viwili vitatu vya bure na watu wanaokubali kukupa maoni ya ukweli, sawa. Hayo ni mazoezi yako, na uyaite mazoezi. Baada ya hapo toza, hata kidogo. Mtu wa bure anaahirisha dakika ya mwisho, hafanyi alichosema atafanya, na ushuhuda wake unakuwa "ni mtu mzuri sana". Aliyelipa anakuja na daftari.

Kuhusu kiwango, usianze kwa kuangalia wengine wanatoza nini, kwa sababu hujui wanaopata kweli ni wangapi. Anza na saa zako. Kikao cha saa moja si saa moja. Kuna kusoma maelezo ya kikao kilichopita, kuna kuandika baada ya kikao, kuna ujumbe wa katikati ya wiki, kuna mteja aliyechelewa. Mimi huhesabu kila kikao kama saa mbili. Halafu kuna saa za kutafuta wateja, ambazo hazilipwi na mtu yeyote, na mwanzoni ndizo nyingi. Kichwa nacho kina kikomo: kusikiliza kwa makini vikao vinne kwa siku ni kazi nzito, cha tano unakuwa unaitikia tu. Chukua unachohitaji kwa mwezi, weka kodi na makato ya kupokea malipo, gawa kwa idadi ya vikao unavyoweza kweli kuvifanya. Namba utakayoiona itakushtua, na hiyo ndiyo bei unayoielekea. Ya kuanzia inaweza kuwa chini yake, lakini mwambie mteja wazi kwamba ni ya kuanzia na itapanda lini.

Uza kipindi, usiuze saa mojamoja. Vikao vinne, au sita ndani ya miezi mitatu, kwa jambo moja linalojulikana. Anayenunua saa moja anakuja akiwa na moto, ukipoa haonekani tena, na hakuna kilichobadilika cha kukusifia. Malipo yaingie kabla ya kikao cha kwanza. Ukikubali awamu, kila awamu itangulie vikao vyake.

Fundi Saa

Niongezee kwenye malipo. Kabla hujatangaza chochote, hakikisha njia ya kupokea fedha inafanya kazi nchini kwako NA nchini kwa mteja. Stripe haipo kila nchi. PayPal ipo sehemu nyingi, lakini kuna nchi ambazo akaunti inaruhusu kutuma tu, kupokea hairuhusiwi. Jitumie kiasi kidogo ujaribu hadi fedha iingie benki. Na anayelipa kwa kadi ana haki ya kupinga malipo kupitia benki yake hata wiki nyingi baadaye. Ukiwa huna makubaliano ya maandishi wala kumbukumbu ya vikao vilivyofanyika, fedha inarudi kwake na unatozwa ada juu yake.

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Fundi Saa kula tano. Makubaliano yenyewe hayahitaji kuwa kitabu. Ukurasa mmoja unatosha: vikao vingapi na ndani ya muda gani, bei, kughairi kuwe angalau saa 24 kabla ya kikao, la sivyo kikao kinahesabika, fedha inarudishwa katika hali zipi, mambo ya mteja ni siri na siri hiyo inavunjwa lini (kwa mfano maisha ya mtu yakiwa hatarini), na sentensi inayosema kwamba huu ni ukocha, si tiba wala ushauri wa kisheria. Mteja ajibu kwa maandishi kwamba amekubali. Basi.

Jicho Kavu

Umegusa tiba. Mtu akija anasema anashindwa kazi, kumbe halali, hali chakula, analia kila siku. Kocha wa mtandaoni anafanya nini hapo? Anamuuliza maswali manne?

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Hapana, na nashukuru umeuliza. Hapo kocha anasimama. Unamwambia kwa upole, "Unayonieleza yanahitaji mtu mwenye taaluma ambayo mimi sina. Ningependa umuone daktari au mtaalamu wa afya ya akili. Tukisimamisha vikao vyetu kwa sasa, utaanzia kwa nani?" Akisema anafikiria kujidhuru, usimuache na ahadi ya wiki ijayo; mhimize apate msaada wa dharura wa alipo, na ahusishe mtu wa karibu yake saa hiyo hiyo. Kwa sababu kazi yako ni ya mtandaoni, ni busara tangu mwanzo kujua mteja yuko nchi na mji gani na kuwa na namba ya mtu wake wa karibu. Wengi hawaulizi hili, na siku linapohitajika wanakuta wanazungumza na sura kwenye skrini wasiyojua iko wapi.

Mipaka ni hiyo hiyo kwa wengine. Kocha wa mazoezi haandiki lishe ya mgonjwa wa kisukari. Kocha wa fedha binafsi anaweza kumsaidia mtu kupanga matumizi, lakini kumwambia anunue hisa zipi ni shughuli inayohitaji leseni katika nchi nyingi. Angalia sheria za kwako na, ukiweza, za aliko mteja.

Daftari Jipya

Na cheti? Nimeona mafunzo ya bei mbaya kweli, wanasema bila cheti hupati mteja.

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Wanaosema hivyo ndio wanaouza cheti. Mteja binafsi ni nadra kuuliza. Anataka kujua kama umemsaidia mtu kama yeye. Ila kampuni zinazonunua ukocha kwa ajili ya mameneja wao mara nyingi zinauliza, na hapo jina linalotajwa sana ni ICF, shirikisho la kimataifa la makocha lililoanzishwa mwaka 1995. Lina vyeti vya ngazi tatu. Ya kwanza, ACC, inadai angalau saa 60 za mafunzo na saa 100 za kukochi watu halisi. Ya pili, PCC, saa 125 za mafunzo na 500 za kukochi. Ya juu, MCC, 200 na 2,500. Ulaya kuna pia EMCC, chombo kingine cha aina hiyo.

Zitazame namba hizo vizuri. Hata kwenye ngazi ya chini, saa za kufanya kazi na watu ni nyingi kuliko za darasani. Kwa hiyo huna sababu ya kusubiri cheti ndipo uanze mazungumzo, maana bila mazungumzo hicho cheti hukipati. Mafunzo mazuri yana faida moja kubwa ambayo vitabu havina: mtu mzoefu anasikiliza kikao chako na kukuonyesha ulipomkatiza mteja. Ukiyalipia, lipia hiyo. Kama mafunzo hayana mtu wa kukusikiliza ukifanya kazi, ni video tu.

Mgeni Njiani

Mimi kuna mmoja ananifukuzia na "programu ya kocha wa tarakimu sita", yaani wa kipato cha laki na kuendelea. Nilijiunga na darasa la bure, sasa kila siku napigiwa simu kwamba nafasi zimebaki mbili.

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Mgeni, kimbia.

Si makocha wote wa biashara ni matapeli, ila mtindo huo una historia. Mwaka 2018 Tume ya Biashara ya Marekani, FTC, ilikwenda mahakamani dhidi ya mpango ulioitwa MOBE, uliokuwa unauza mafunzo ya biashara ya mtandaoni pamoja na makocha wa kukuongoza. Tume ilisema watu walitolewa zaidi ya dola milioni 125. Ulikuwa unakwenda hivi: unaingia kwa kiasi kidogo, unakabidhiwa kocha wako, na kila ukipiga hatua kocha huyo anakwambia kilichobaki kipo kwenye ngazi inayofuata, ya bei kubwa zaidi, mpaka maelfu ya dola. Mwaka huo huo tume hiyo ilichukua hatua dhidi ya mpango mwingine wa aina hiyo, Digital Altitude. Kwa hiyo ukimuona mtu anauza ukocha wa namna ya kuwa kocha, muulize amewakochi nani nje ya makocha. Halafu subiri jibu.

Na wewe ukishaanza, usiibe lugha yao. "Nafasi mbili zimebaki" iandike tu kama kweli ni mbili. Usimwahidi mtu kipato wala cheo, kwa sababu huvitoi wewe. Ahidi unachokimiliki: vikao, maswali, ufuatiliaji, ukweli.

Fundi Saa

Tuje kwenye vitendea kazi. Watu wanauliza kamera gani, taa gani, programu gani.

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Sauti kwanza. Mteja anavumilia picha ya ukungu, havumilii sauti inayokatika. Spika za masikioni zenye maikrofoni, chumba chenye mapazia au nguo za kunyonya mwangwi, umemaliza. Kwa vikao vya watu wawili, Google Meet ya bure inawatosha kwa saa nzima na zaidi. Zoom ya bure inakata dakika ya 40, na hakuna kinachoudhi kama kukatwa mteja akiwa ndiyo kwanza anafunguka. Mtumie pia namba ya kupigia iwapo intaneti itazingua, na mkubaliane mapema kwamba ikizingua mnahamia kwenye simu ya kawaida bila kupoteza dakika kumi za "unanisikia?"

Ukirekodi, omba ruhusa, na utaje rekodi inakaa wapi na inafutwa lini. Hizi programu za akili mnemba zinazojiunga kwenye kikao na kuandika kila neno ni kurekodi pia, usiziingize kimyakimya. Ukiwalenga wateja walioko Umoja wa Ulaya, sheria yao ya kulinda taarifa binafsi, GDPR, inayotumika tangu Mei 2018, inaweza kukuhusu hata kama wewe uko nje. Njia rahisi ya kubaki salama ni kutokusanya usichokihitaji. Mimi rekodi sitaki kabisa, naandika mistari michache baada ya kikao: alisema atafanya nini, lini, na nini kinaweza kumkwamisha.

Jambo dogo linalowaangusha wengi: saa. Kama mteja yuko Ulaya au Marekani, saa zao zinasogezwa mara mbili kwa mwaka, na hazisogezwi siku moja. Ulaya ni Jumapili ya mwisho ya Machi na ya Oktoba. Marekani ni Jumapili ya pili ya Machi na ya kwanza ya Novemba. Kwa hiyo kuna wiki ambazo mteja wa London amehama na wa Chicago bado, au kinyume chake. Usipige hesabu kichwani. Tuma mwaliko wa kalenda wenye ukanda wa saa, kalenda itajipanga yenyewe.

Daftari Jipya

Na mitandao ya kijamii? Sipendi kucheza mbele ya kamera, jamani.

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Usicheze. Wateja wako wa kwanza hawatatoka huko, ila wa mbeleni watakuchungulia kabla ya kukupigia, kwa hiyo pawe na kitu cha kuchungulia. Chagua sehemu moja ambako kundi lako tayari lipo. Wahasibu na mameneja, LinkedIn inatosha. Kila wiki andika jambo moja lililojitokeza vikaoni, bila kumtaja mtu wala kuacha dalili za kumtambua. "Swali la kujiuliza kabla ya kumsahihisha bosi mbele za watu." Mtu aliye kwenye hali hiyo atalisoma mpaka mwisho, na mmoja atakuandikia.

Kozi za kurekodi, vikundi vya watu kumi, jarida la barua pepe, hayo yana wakati wake. Ukishafanya mazungumzo ya kutosha utaanza kusikia swali lilelile kutoka kwa watu wasiojuana. Hilo swali ndilo kozi. Ukirekodi kabla ya kulisikia unabuni tu.

Mgeni Njiani

La mwisho, mkuu. Vikao vinne vikiisha, namwambiaje aendelee bila kuonekana namng'ang'ania?

Kikao Kimoja (mleta uzi)

Usisubiri viishe. Kikao cha tatu mwambie, "Kimebaki kimoja, tukitumie kuangalia ulipoanzia na ulipo." Cha nne rudini kwenye alichosema siku ya kwanza, kwa maneno yake yaleyale uliyoyaandika, na muulize nini kimebadilika, nini bado, na nini kipya kimejitokeza. Muache aongee. Akitaja jambo jipya lenye uzito, muulize kama angependa mlifanyie kazi pamoja na umweleze masharti. Asipotaja, muage vizuri, muombe sentensi mbili tatu za ushuhuda na ruhusa ya kuzitumia, na umuulize kama kuna mwenzake aliye pale alipokuwa yeye mwezi uliopita. Mtu aliyeachwa aende zake akiwa ameridhika ndiye anayekuletea wengine.

Akiendelea, ni makubaliano mapya na lengo jipya, hata kama mmeshazoeana. Na malipo yatangulie, kama mara ya kwanza.